Mtandio, Uongo na Mwigizaji

Swali la iwapo mwigizaji ni mwongo ni la kale katika falsafa: Plato, katika kitabu chake cha Jamhuri, alihofia kwamba mwenye kuiga nafsi nyingi mwishowe huiharibu yake, na baadhi ya wanazuoni wa Kiislamu wameyatazama maigizo kwa jicho hilohilo, ingawa wengine wameyaruhusu kwa masharti. Kaskazini Mashariki mwa Kenya swali hili lilitoka vitabuni tarehe 21 Desemba 2015, wanamgambo wa Al-Shabaab waliposhambulia basi la Mandera karibu na El Wak na kuwataka Waislamu wajitenge na Wakristo, utaratibu uleule uliotangulia mauaji ya abiria 28 karibu na Mandera mwaka 2014 na ya watu 148 katika Chuo Kikuu cha Garissa Aprili 2015. Safari hii Waislamu walikataa, na wanawake wakawavika wenzao Wakristo mitandio yao.

Kuvikwa mtandio namna ile ni kuigiza kwa maana kamili, yaani kuchukua sura ya mwingine mbele ya mtazamaji. Ila mtazamaji wa jukwaani huujua mchezo na kuuridhia, ilhali wa El Wak alishika bunduki na ilikuwa lazima ahadaike. Basi ulikuwa uongo. Immanuel Kant, katika makala yake ya mwaka 1797, hakuuruhusu uongo hata wa kumficha rafiki anayewindwa na muuaji (labda angejitetea kwamba nguo si kauli, lakini huo ni utetezi wa wakili kuliko wa mwanafalsafa). Imamu Ghazali, aliyefariki mwaka 1111, alikwisha kufundisha katika kitabu chake cha Ihya kwamba uongo huwa wajibu pale uhai wa asiye na hatia unapoutegemea, na ndiye aliyeona mbali zaidi, kwa sababu aliupima ulimi kwa kile unachokilinda.

Mwaka 2017 Katja Benrath, mwanafunzi wa filamu mjini Hamburg, Ujerumani, alilitengenezea tukio hilo filamu ya dakika 22, Watu Wote, iliyoteuliwa kuwania Oscar mwaka 2018. Humo Adelyne Wairimu ni Jua, Mkristo asiyewaamini Waislamu baada ya magaidi kumuulia mume na mtoto, kwa hiyo mwigizaji anamwigiza mtu anayelazimika kuwaigiza wale anaowaogopa. Barkhad Abdirahman na Faysal Ahmed, walio katika filamu hiyo, walijulikana kwanza kama maharamia wa filamu ya Captain Phillips ya mwaka 2013; ni dhuluma kwamba Msomali aliingizwa katika sinema kubwa akiwa na bunduki mkononi, na Watu Wote angalau inawaweka Wasomali mbele na nyuma ya mtutu.

Abdiwali Farrah anamwigiza Salah Farah, mwalimu Mwislamu aliyekuwa katika basi lile, na hapo maigizo yanafikia mpaka wake, kwani mwigizaji huweza kuazima maneno na jeraha la mwenzake lakini si hatari yake. Salah hakumwigiza mtu: alikataa kujitenga, akapigwa risasi, na akafariki Nairobi Januari 2016 akiwa katika matibabu.