Binti Aitwaye Neema

Katika vijiji vya Tarime na Serengeti, mkoani Mara, si ajabu msichana mmoja kuwa na majina mawili yaliyotoka katika malango mawili tofauti. Nyumbani ni Bhoke, Robhi, Ghati, Mugesi au Wegesa. Kanisani na kwenye daftari la mahudhurio ya shule ni Neema. Bibi yake anaweza kuishi naye miaka kumi bila kulitamka hilo la pili, na mwalimu wake akamfundisha hadi darasa la saba bila kulijua la kwanza. Yeye huitika kote.

Majina haya mawili hayafanyi kazi moja. Mzazi wa Kikurya anapomwita bintiye Bhoke, kwa kawaida hafikirii maana ya neno. Anamfikiria mtu: bibi, shangazi, mwanamke wa ukoo aliyetangulia, ambaye jina lake halipaswi kufa pamoja naye. Ndiyo maana majina hayo ni machache na yanarudi kila kizazi, hata darasa moja likawa na akina Bhoke watatu na hakuna anayeshangaa. Jina la ukoo humwambia mtoto kwamba hakuanza yeye, kwamba kuna waliokuwapo na wapo watakaomfuata. Huo ni ujumbe mzito, na sioni sababu ya Mkurya kuuonea haya.

Neema ni jambo jingine. Neno lenyewe lina asili ya Kiarabu, likakaa pwani muda mrefu kabla ya kupanda bara. Mswahili akisema mwaka huu ni wa neema, ana maana mvua imenyesha kwa wakati, ghala limejaa, watu wanashiba. Kisha wafasiri wa Biblia wakahitaji neno la kutajia wema wa Mungu ambao mtu hakuustahili wala hakuufanyia kazi, wakalichukua hilohilo. Wamenonaiti walioanza kazi Shirati mwaka 1934 walilihubiri, Wakatoliki, Waanglikana na Waadventista wakalihubiri pia, hadi likawa jina la binti wa mfugaji. Kwa hiyo anayeitwa Neema kati ya Sirari na Mugumu amebeba maana mbili kwa wakati mmoja: shibe ya nyumba, na kitu kilichotolewa bure. Maana hizi mbili zinaweza kukaa pamoja kwa amani miaka yote ya utoto wake. Hugombana siku ng'ombe wanapotajwa.

Kabla sijafika huko, nimjibu mtu anayeweza kusema kwamba yote haya ni kupoteza wakati. Mwaka 1843 mwanafalsafa wa Kiingereza John Stuart Mill aliandika, katika kitabu chake cha mantiki, kwamba jina la mtu au la mahali halina maana yoyote. Ni alama tu ya kututambulisha kinachozungumzwa. Mfano wake ulikuwa mji wa Dartmouth, ulioitwa hivyo kwa sababu uko kwenye mlango wa mto Dart. Mto ukihama, alisema, mji hautalazimika kubadili jina. Hoja hii ina nguvu. Neema anaweza kuwa mkali, mchoyo, mgomvi wa kisimani, na bado akabaki Neema. Hakuna anayemnyang'anya jina kwa kukosa sifa zake.

Lakini mkoa wa Mara una ushahidi wake. Mwaka 1922, pale Butiama, alizaliwa mtoto wa Kizanaki akaitwa Mugendi. Haikuchukua muda, kwa ushauri wa mganga, jina likabadilishwa akawa Kambarage, jina la mzimu wa kike wa mvua. Baba yake, Chifu Nyerere Burito, naye alikuwa amepewa jina la viwavi waharibifu wa mazao, kwa kuwa alizaliwa wakati viwavi hao wameivamia nchi. Kama jina ni alama tu, wazee wa Butiama walibadilisha nini? Alama ya kwanza ilitosha kabisa kumtofautisha mtoto yule na wenzake. Walichobadilisha ni neno lao wenyewe juu ya mtoto: mbele ya nani wanamweka, wanamwombea nini, wanaogopa nini kwa ajili yake.

Hapa ndipo ninapoona Mill alikuwa sahihi kwa nusu. Jina halimwelezi aitwaye. Viwavi hawatuambii lolote kuhusu tabia ya Chifu Burito. Wanatuambia njaa waliyoiogopa waliomzaa. Mtoto aitwaye Tabu au Shida hakuleta tabu. Alizikuta nyumbani, akavishwa. Maana ya jina inamhusu mwitaji. Na kama inamhusu yeye, basi jina lenye maana ni neno ambalo mtu mzima amelisema hadharani kwa mtoto asiyeweza kujibu wala kukataa. Neno la namna hiyo, linalosemwa na mwenye nguvu kwa asiye na nguvu, mbele ya mashahidi, lina jina lake katika maisha ya watu: ni ahadi. Inamfunga aliyeitoa.

Wapo watakaosema nimelitwisha jina mzigo usio wake. Na wamtazame Siti binti Saad. Alizaliwa Fumba, Unguja, karibu mwaka 1880, katika familia yenye asili ya utumwa, akapewa jina la Mtumwa. Hilo ndilo neno ulimwengu wa wakati ule ulilokuwa nalo juu yake alipokuwa bado anabebwa mgongoni. Alipokuwa mwimbaji anayesikilizwa mjini, akaitwa Siti, yaani bibi mheshimiwa, na kwa jina hilo sauti yake ikaingia kwenye sahani za santuri kule Bombay mwaka 1928. Shaaban Robert alipoandika wasifu wake, aliandika wasifu wa Siti. Mwanamke alikuwa yuleyule. Kilichobadilika ni namna watu walivyojifunga kumtendea, na waliomwita Siti hawakuweza tena kumtuma kama Mtumwa bila kujikana wenyewe.

Sasa turudi Tarime. Msichana ameitwa Neema na baba yake. Baba amesema hadharani, mbele ya kanisa na mbele ya majirani, kwamba huyu amekuja bure, hakununuliwa, hakustahiliwa. Miaka kumi na tatu inapita. Unafika mwezi wa Desemba, shule zimefungwa, wazee wa mila wametangaza msimu wa ukeketaji, saro, kama wenyewe wanavyouita. Binti anaambiwa kwamba ili ahesabiwe mtu lazima apite kwa ngariba. Akipita, atarudi akishangiliwa njia nzima, akivishwa khanga na kutunzwa fedha. Asipopita, ataitwa msagane, yaani asiyekeketwa, na jina hilo litamfuata mtoni, gulioni, hata kwenye nyumba atakayoolewa. Angalieni kilichotokea: jamii imeweka jina la tatu mezani, na jina hilo la tatu linayafuta mawili ya kwanza. Bhoke wa ukoo hatoshi. Neema wa ubatizo hatoshi. Mwili wake lazima ulipe kwanza.

Neema yenye sharti haiwezi kuwepo. Kinachotolewa kwa sharti ni ujira, au ni biashara. Vyote vina heshima yake mahali pake, lakini si neema. Baba anayemwita bintiye jina hili kisha akamwambia utakuwa wa kwetu ukishakatwa, amelivunja neno lake mwenyewe, na hakuna desturi inayoweza kumkopesha udhuru, kwa sababu neno lile alilitoa yeye.

Baada ya ngariba huja ng'ombe wa mahari, na hapo mzee wa mila akiisikia hoja hii atakuwa na jibu, na jibu lake si dogo. Atasema: ninyi watu wa vitabu mnaita mahari bei, sisi hatuuzi mtu. Ng'ombe wanaokuja kwa ajili ya binti huunganisha koo mbili. Ng'ombe haohao ndio atakaowatumia kaka yake kuoa, na kaka huyo atamheshimu dada yake maisha yake yote, kwa kuwa nyumba yake imejengwa kwa jina la dada. Je, huyo si neema? Si yeye aliyeleta shibe?

Kati ya hoja zote za kutetea mila hii ya ng'ombe, hii ndiyo ninayoiheshimu. Mzee hajalipotosha neno. Ameichukua maana yake ya kwanza, ile ya ghala lililojaa. Na ni kweli kwamba mahari, katika nyumba nyingi, imekuwa shukrani na kifungo cha undugu. Ugomvi wangu naye ni mmoja. Katika maelezo yake yote, binti ni neema kwa kila mtu isipokuwa kwake mwenyewe. Kaka anapata mke, baba anapata zizi, koo zinapata ujamaa. Yeye anapata nini ambacho hakukilipia kwa mwili au kwa miaka yake ya shule? Kama ng'ombe wanaweza kumsubiri akue, asome, achague, na kama anaweza kusema hapana na bado akabaki mtoto wa nyumba ile, basi wale ng'ombe ni shukrani, nami sina neno. Kama hawawezi kusubiri, ni bei, hata tukiiita kwa lugha gani.

Lakini kosa hili silioni kwa wazee peke yao. Watetezi wa wasichana nao husema: msomeshe binti, akisoma atawasaidia wazazi zaidi, atajenga nyumba ya bati, hata mahari yake itaongezeka. Najua wanasema hivyo kwa nia njema, na pengine baba mmoja au wawili wamesikia. Bado naiona ni hoja mbaya. Imebadilisha faida tu na kuiacha hesabu palepale. Binti asiyefaulu mtihani wa kidato cha pili, je? Binti mlemavu, binti asiye na mume wala mshahara? Kwa hesabu hiyo hawana cha kuwalinda. Jina Neema linawalinda wote, kwa sababu halikuuliza tangu mwanzo wataleta nini.

Kuna desturi nyingine ya hukohuko, nyumba ntobhu, ambapo mwanamke asiye na mtoto wa kiume humwoa msichana ili watoto atakaowazaa wahesabiwe wa nyumba yake na jina la nyumba lisipotee. Nimeshasema kwamba hofu ya jina kupotea ni hofu ya heshima. Wajane wengi wamelinda ardhi yao kwa njia hii. Lakini msichana anapopelekwa pale akiwa mdogo, bila kuulizwa, jina la nyumba moja limehifadhiwa kwa kulizika la mwingine angali hai.

Sheria imeshasema upande wake. Tangu mwaka 1998, kumkeketa msichana aliye chini ya miaka 18 ni kosa la jinai Tanzania, na kifungo chake huanzia miaka mitano hadi kumi na mitano. Mwaka 2019 Mahakama ya Rufani ilithibitisha, katika shauri lililofunguliwa na Rebeca Gyumi, kwamba vifungu vya sheria ya ndoa ya 1971 vilivyoruhusu msichana kuolewa kabla ya miaka 18 ni kinyume cha Katiba. Utafiti wa kitaifa wa afya ulionyesha kuwa mkoani Mara wanawake waliokeketwa walikuwa asilimia 32 mwaka 2015/16, na asilimia 28 mwaka 2022. Imeshuka, lakini taratibu mno kwa binti ambaye Desemba yake ni hii inayokuja.

Kinachonigusa zaidi kuliko sheria ni jambo linalofanyika katika nyumba salama, ile ya Masanga wilayani Tarime na ile iliyofunguliwa Mugumu mwaka 2014. Wasichana hukimbilia huko msimu wa ukeketaji unapokaribia, wengine kwa miguu, usiku. Msimu ukipita, wazazi huitwa, mazungumzo hufanyika, na wanaokubali kumpokea binti yao huandika na kutia saini kwamba hawatamkeketa wala kumwoza. Karatasi hiyo ni ahadi ya pili. Ya kwanza waliitoa siku walipompa jina, nayo ilikuwa na upana zaidi: iliahidi kwamba atapokelewa alivyo. Nafurahi kwamba karatasi ipo, maana inaokoa watoto. Lakini kila saini inayotiwa pale ni ushahidi kwamba neno la awali halikuaminika tena, na mtoto aliyelazimika kukimbia usiku ndiye aliyekuwa wa kwanza kulisoma vizuri. Alielewa maana ya jina lake kuliko waliompa.

Kwa hiyo ninawaomba wazazi wa wilaya hizi mbili wenye Neema nyumbani, na wenye Rehema, na wenye Zawadi, na pia wenye Bhoke na Ghati, kwa maana hata bibi aliyerudi kwa jina hakurudi ili aumizwe: msimu ukitangazwa, mwacheni binti akae nyumbani, na Januari arudi shule. Na wewe binti unayesoma haya, ukiona maandalizi yameanza, mwambie mwalimu wako au nenda Dawati la Jinsia na Watoto kwenye kituo cha polisi kilicho karibu. Simu ya huduma kwa mtoto ni 116, na kupiga ni bure.