Aliyekuja Wavuni

Huko Nyandiwa, upande wa Gwasi katika Kaunti ya Homa Bay, mwamba wa ufuoni una alama nyingi zinazofanana na kwato. Wenyeji watakuonyesha kwa kidole: hizi za ng'ombe, zile za mbuzi, na zote zimeelekea majini. Husema ni nyayo za mali ya Nyamgondho mwana wa Ombare, na mtu yeyote wa kandokando ya ziwa aliyelelewa na bibi mwenye hadithi anajua zilifikaje pale.

Nyamgondho alikuwa mvuvi fukara. Siku moja wavu ukawa mzito, akauvuta kwa furaha, ndani akakuta mwanamke mzee. Akataka kumrudisha majini. Mwanamke akamsihi amchukue nyumbani, naye akamchukua. Tangu siku hiyo boma likajaa ng'ombe. Akajenga, akaoa wake wengine, akawa mtu wa kuitwa mbele za watu, na pombe haikukosekana. Usiku mmoja alirudi amelewa, mlango ukachelewa kufunguliwa, akamtukana yule mwanamke na kumkumbusha kwamba alimwokota ziwani. Hakujibiwa. Alfajiri mwanamke akaondoka kwa miguu kuelekea majini, na nyuma yake wakafuata ng'ombe, mbuzi, kondoo, hata kuku. Nyamgondho alifuata akiita. Alisimama ufuoni ameegemea fimbo, akatazama mpaka mkia wa mwisho ukazama, na papo hapo akageuka mti.

Wahubiri wangependa hadithi hii ikemee wake wengi. Haikubali. Wasimulizi huwapita wale wake wengine bila hata kuwapa majina; yule mama wa ziwani aliishi nao, na ng'ombe waliendelea kuzaa. Ndoa ilivunjwa na maneno ya usiku mmoja. Tena ukiyatafakari polepole, maneno yenyewe hayakuwa ya uongo, maana kweli alimkuta wavuni. Kosa lilikuwa katika jinsi alivyolielewa jambo lile tangu mwanzo. Nyamgondho aliamini amemvua. Hakuwahi kujiuliza kama labda ni mwanamke aliyekuja, na wavu ukawa mlango tu wa kuingilia.

Nadhani uaminifu wa wapenzi huanzia hapo, mapema sana kabla ya habari za kitanda. Ulimtongoza, sawa. Ulimtumia nauli ya matatu kutoka Ahero, ukamngoja stendi, baadaye ukapeleka ng'ombe kwao. Lakini kulikuwa na saa ambapo yeye, mwenye njia nyingine za kwenda na watu wengine wa kwenda kwao, alikubali. Kukubali huko hukukutengeneza wewe. Hukulipia, na hukuwa na uwezo wa kulipia. Mtu akikaa na jambo hilo kimya kwa muda, bila simu, bila redio, hupatwa na kitu kinachokaribia hofu, na nyuma ya hofu ile kuna shukrani. Anayemsaliti mwenzake huwa ameshaipoteza shukrani hiyo zamani. Hamu ya mwili huja baadaye, ikikuta nyumba iko wazi.

Ndiyo maana sipendi uaminifu unapozungumzwa kama hesabu, mmoja au wawili au watatu. Kuna mwanamume wa Milimani mwenye mke mmoja wa pete na cheti, ambaye hajamtazama usoni tangu mtoto wa mwisho aingie shule. Hajatoka nje ya ndoa. Amemsahau tu, na anajiona mwadilifu.

Watu wa sala wanaelewa kitu hapa ambacho wapenzi hukisahau. Tazama mzee anayebaki msikitini Kisumu baada ya swala, tasbihi mkononi, akilitaja jina lilelile alilolitaja jana. Tazama mama wa Kikatoliki na rozari yake kwenye benchi la kanisa Kibuye. Hakuna habari mpya katika maneno yao. Hawachoki kwa kuwa hawatafuti habari, wanakumbuka. Ingekuwa ajabu mtu kumwacha Mungu wake kwa sababu jina limezoeleka, lakini sababu hiyohiyo twaikubali bila kushangaa mtu anapomwacha mkewe.

Boma la Kijaluo la zamani nalo halikuhesabu ndoa kama sisi. Nyumba ya mikayi, mke wa kwanza, ilitazamana na lango. Ya nyachira, mke wa pili, na ya reru, wa tatu, zilisimama pande zake mbili. Mgeni aliingia akaona ndoa zote za mwenye boma kabla ya kukaribishwa kiti. Sisemi palikuwa peponi. Wivu wa wake wenza ulitia sumu nyumba nyingi, na mali iligombewa mpaka makaburini. Ancentus Akuku, aliyejulikana Kenya nzima kama Akuku Danger, alifariki mwaka 2010 akiwa ameoa wanawake zaidi ya mia moja maishani mwake, na sisi tulimtaja kwa kicheko na mshangao, tukimhesabia wake kama mtu anavyohesabiwa ng'ombe. Hesabu hiyo ndiyo inayonikera. Kinachobaki na thamani katika boma lile ni jambo moja: kila mke alijua nyumba ya mwenzake ilipo.

Sheria ya Ndoa ya 2014 iliposomwa bungeni Machi mwaka huo, ilikuwa na kifungu kilichomtaka mume amshirikishe mke wa kwanza kabla ya kuoa mwingine kwa mila. Wabunge wanaume walikifuta. Wabunge wanawake wakatoka ukumbini kwa hasira, na Rais Uhuru Kenyatta akaitia sheria sahihi mwezi uliofuata. Wanasheria wameshalijadili hilo vya kutosha. Mimi hulitazama upande wa roho. Wanaume wale walibakiza ruhusa ya kuoa, wakaondoa wajibu wa kumtazama mtu machoni na kumwambia. Yaani waliogopa dakika tano za mazungumzo.

Jiji limeiendeleza hofu hiyo likaipa jina la utani, mpango wa kando. Machi 2013 tangazo la televisheni lilimwonyesha mama mwenye ndoa akishauriwa na mwenzake atumie kondomu na mpango wake wa kando. Viongozi wa makanisa na wa Kiislamu walipinga vikali, likaondolewa hewani. Tangazo likatoweka, mipango ikabaki. Utaiona jioni kwenye hoteli za samaki kando ya ziwa, simu imelazwa kifudifudi karibu na sahani ya ngege, na mwenyewe akiigusa kila mara kuhakikisha bado imelala. Watu huchoka kwa kulinda simu namna hiyo. Nimewaona wakichoka.

Lakini kuna uaminifu mwingine Kisumu, usioimbwa harusini. Kulingana na utafiti wa serikali wa 2018, zaidi ya asilimia 17 ya watu wazima wa kaunti hii walikuwa wakiishi na virusi vya UKIMWI, na jirani zao wa Homa Bay zaidi ya asilimia 19, wakati kiwango cha taifa kilikuwa asilimia 4.9. Nyuma ya tarakimu hizo ziko nyumba ambazo mmoja anavyo na mwingine hana. Saa tatu usiku kengele ya simu inalia Nyalenda au Manyatta. Kikopo cha dawa kinatolewa kabatini, kimejazwa pamba ili vidonge visilie mkobani mtu akipanda matatu. Mwenye virusi anameza. Mwenzake, asiye navyo, ndiye aliyeleta maji. Hawaambiani neno, mara nyingi televisheni inaendelea. Kesho saa ileile, tena. Kama mtu angeniomba nimwonyeshe kiapo cha ndoa kikitimizwa, nisingempeleka kanisani Jumamosi. Ningemwomba akae kwenye kochi hilo saa tatu kasoro.

Utafiti mmoja mkubwa ulizifuata jozi 1,763 za wenzi wa namna hii katika nchi tisa, Kisumu ikiwa mojawapo ya vituo vyake. Mwaka 2011 ulitangaza kwamba kuanza dawa mapema kulipunguza maambukizi kati ya wenzi kwa asilimia 96. Kwa mgonjwa na mwenziwe hiyo ni habari njema isiyohitaji mapambo. Hata hivyo ndani ya ripoti kulikuwa na jambo dogo zaidi. Kati ya maambukizi 39 yaliyotokea, ni 28 tu yaliyothibitika kwa vinasaba kuwa yalitoka kwa mwenzi wa nyumbani. Rahisi kuruka hapo na kunyoosha kidole kwa waliobaki. Mimi hujizuia, kwa sababu naishi karibu na ziwa na najua njia nyingine ambazo mtu hupitishwa bila kuzichagua.

Omena huvuliwa usiku usio na mbalamwezi. Mashua zinawasha taa, samaki wanafuata mwanga, na kutoka ufukweni ziwa linaonekana kama mji mwingine umewashwa ng'ambo. Mapambazuko mashua zinarudi. Wanawake wanangoja na mabeseni, wengine tangu saa kumi, maji yakiwafika magotini. Samaki hawatoshi wote. Anayepewa kwanza mara nyingi ni yule ambaye mwenye mashua au mvuvi wake amemfanya mpenzi, na mtindo huo kila bichi inaujua kwa jina la jaboya. Mwanamke hulipa pesa, kisha hulipa na mwili wake, ndipo ajaze beseni. Huenda ana mume, au ni mjane, na watoto wanangoja karo. Mchana utamkuta ameinama akitandaza omena juu ya nyavu kuukuu, akiwageuza kwa kiganja. Jumapili atakaa kanisani, asikie mahubiri juu ya wanawake wasiotulia.

Nani amevunja kiapo hapo? Tunamwuliza yeye, kwa kuwa ndiye anayeonekana. Ila mtu aliyenyimwa uwezo wa kukataa amenyimwa pia uwezo wa kukubali, na bila hivyo viwili uaminifu hauna pa kukaa. Mwenye mashua anamfanyia alichokifanya Nyamgondho. Anamhesabu pamoja na samaki.

Wanawake wa bichi ya Nduru, huko Nyamware, waliliona hili bila msaada wa wanateolojia. Mwaka 2011 walianza kumiliki mashua zao wenyewe na kuwaajiri wanaume wawavulie, ili mwanamke anunue samaki kwa pesa na arudi nyumbani. Mashua hazikuwa nyingi, nyingine zilioza, na ziwa lilipofura mwaka 2020 mafuriko yakawahamisha watu na kuimeza bichi. Hata hivyo nayaona yale mahesabu yao ya mbao, nyavu na mikopo kuwa mahubiri bora ya ndoa niliyowahi kuyasikia upande huu wa nchi.

Kwa hiyo nina ombi kwa wachungaji na maimamu wa kandokando ya ziwa, kutoka Usenge hadi Mbita. Mkipanga kuhubiri uaminifu wa ndoa, waiteni wenye mashua wakae mstari wa mbele. Waulizeni, wake zao wakisikia, samaki wa alfajiri waligawiwaje. Wakishajibu, ndipo mfungue vitabu vyenu.