Ustadi wa Fundi na Haki ya Njia

Aghalabu twawasikia watu wazima wa Mbarara wakiwalalamikia vijana wanaoyabadili magari ya Kijapani ili yaende mbio na kunguruma. Malalamiko hayo yana haki yake, lakini yachanganya maswali mawili yafaayo kutenganishwa. Je, kuutumia ustadi katika mchezo ni upotevu? Na je, wajibu wa fundi hukoma pale alipwapo ujira wake?

Kwanza tuieleze kazi yenyewe. Mchezo wa drifti ulikulia katika barabara za milimani huko Japani, na Keiichi Tsuchiya aliupatia sifa kwa gari dogo la Toyota AE86, lililoundwa baina ya 1983 na 1987. Dereva hulitelezesha gari ubavu penye kona, naye huku amelitawala. Gari lifaalo ni lile ambalo injini yake husukuma magurudumu ya nyuma. Fundi huchomelea gia za difu ili magurudumu hayo yazunguke pamoja, hukaza springi, na huongeza pembe ya usukani. Hiyo si kazi ya mjinga.

Huku kwetu, gari lenye sifa hiyo ni kama Toyota Mark II, lililoacha kuundwa mwaka 2004. Sheria ya Uganda ya 2018 imekataza kuingiza nchini gari lenye umri wa miaka 15 au zaidi. Basi lililopo likifa, halina mrithi, na fundi alihuishaye anatunza kitu kinachotoweka.

Wahenga walinena kwamba kazi mbi si mchezo mwema. Twauheshimu usemi huo, ila twaona kwamba mchezo nao huweza kuuhifadhi utu. Shekhar Mehta, mzaliwa wa Uganda, alilazimika kuihama nchi hii mwaka 1972, Waasia walipofukuzwa. Mwaka uliofuata alishinda mbio za Safari kwa Datsun 240Z, kisha akashinda tena mara nne mfululizo, tangu 1979 hadi 1982. Alinyang'anywa makazi, hakunyang'anywa ustadi. Neno hili lawahusu hasa jirani zetu wa Nakivale, ambako wakimbizi wamepokewa tangu miaka ya 1950. Avukaye mpaka mikono mitupu bado anacho kile mikono yake ikijuacho. Hatuthubutu kukiita upuuzi.

Hata hivyo, swali la pili ni zito zaidi. Tuseme kijana analeta gari kwa fundi, naye hana uwanja wa kuchezea ila barabara ya Ruharo usiku. Fundi aweza kujitetea kwamba yeye ni kama mhunzi, na mhunzi haulizwi kisu chake kilichinja nini. Utetezi huo hautoshi. Mhunzi hajui kisu kitakwenda wapi, lakini fundi huyu anajua. Ajuaye kisha akanyamaza ameshiriki.

Mashindano ya magari yafanyikapo Mbarara, njia hufungwa, watazamaji huonywa, na dereva aliyejiandikisha ameikubali hatari yake mwenyewe. Ruharo wapo wagonjwa wanaotoka mbali kutibiwa macho. Mmoja wao avukapo barabara jicho limefungwa bandeji, hakuikubali hatari yoyote. Wapiganapo fahali wawili, ziumiazo ni nyasi. Kuna tofauti kubwa baina ya hatari mtu anayojichagulia na ile anayombebesha mwenziwe bila ya kumwuliza. Ya kwanza yaweza kuwa ushujaa. Ya pili ni dhuluma, hata kama hakuna aliyeumia usiku ule.

Kwa hiyo twasema fundi hana budi kuuliza gari litachezewa wapi, na jibu likiwa baya, aukatae ujira. Tunajua kwamba kukataa ujira ni vigumu kwa mwenye njaa. Ndiyo maana wakubwa nao wana sehemu yao ya lawama: wakikataza tu pasipo kutenga kiwanja, wanausukuma mchezo gizani, na fundi maskini ndiye abakiaye na uamuzi mgumu peke yake.

Nasi walimu tusimcheke mwanafunzi achoraye injini pembeni mwa daftari. Tumsifu kwa mchoro wake, kisha tumwulize ni nani wengine watakaopita njia hiyo.