Namba Nzima Nayo Izidishwe

Somo: Luka 15:11–32



Mtoto wa darasa la saba akifungua daftari la Hisabati huweza kukuta mlinganyo kama huu: x/3 + 2 = x/2. Njia aliyofundishwa ni hii: atafute Kigawe Kidogo cha Shirika cha 3 na 2, ambacho ni 6, kisha azidishe kwa 6 kila kilichomo, kushoto na kulia. Theluthi ya x inakuwa 2x, nusu ya x inakuwa 3x, na ile 2 inakuwa 12. Sasa 2x + 12 = 3x, na x ni 12.

Wengi hukosea mahali pamoja. Huzishughulikia sehemu, lakini ile 2, namba nzima, huiacha ilivyo, kwa kuwa haina asili chini yake na yaonekana haihitaji kitu. Hupata 2x + 2 = 3x, yaani x ni 2. Wakilihakiki jibu, kushoto panatoka 2⅔ na kulia 1. Namba moja iliyorukwa imeharibu hesabu yote.

Kosa hilo tunalifanya pia katika kulea watu: aliyevunjika tunamshughulikia, aliye mzima tunamruka. Torati ilimpa mzaliwa wa kwanza mafungu mawili (Kumbukumbu la Torati 21:17). Kwa kanuni hiyo, mwana mdogo katika mfano wa Luka 15 angepata theluthi moja ya mali ya baba, naye fungu lake alilimaliza ugenini. Aliporudi, alikumbatiwa, akavishwa, akachinjiwa ndama. Mkubwa hakuwa amepoteza kitu. Alikuwa shambani, kazini kama siku zote. Lakini moyoni alikuwa na uchungu wa miaka: hajawahi kupewa hata mwanambuzi akafurahi na rafiki zake.

Angalieni alichofanya baba. Aliacha karamu na wageni, akatoka nje kumsihi mkubwa aingie. Hakumwambia kwamba yeye ni mzima, avumilie. Wala kumwendea mkubwa hakukumvua mdogo pete kidoleni. Upendo wa baba uliwafikia wote wawili, kila mmoja pale alipokuwa.

Usharika wetu unajua kumfuata aliyeumia, na ni haki tumfuate. Mfiwa tunamkalia matanga, mgonjwa tunampelekea uji, aliyeacha ulevi tunampigia vigelegele. Lakini yupo dada anayesomesha wadogo zake tangu baba yao alipofariki. Yupo mzee wa kanisa anayetangulia kufungua milango kila Jumapili. Yupo mama anayemuuguza mumewe, na kila akisalimiwa hujibu kwamba hajambo. Hao tunawaongezea majukumu, tukiamini hawana shida. Siku wakichoka au wakiacha kuja, tunashangaa.

Wiki hii, mfikirie mmoja wa watu hao. Nenda kwake bila barua ya mchango wala ombi la kazi. Muulize habari zake, na akisema ni nzuri, usiondoke upesi. Mpe nafasi ya kusema la pili.

Tuombe: Baba, uliyetoka nje kumtafuta hata mwana aliyebaki nyumbani, utupe macho ya kuwaona wanaobeba wengine bila kulalamika. Utufundishe kuwapenda kabla hawajavunjika. Kwa Yesu Kristo Bwana wetu. Amina.