Wen na Dunia Isiyo na Jana

Katika riwaya ya Terry Pratchett iitwayo Thief of Time, iliyotoka mwaka 2001, yumo mtu aitwaye Wen, mwasisi wa watawa wanaoushika wakati kama mhunzi anavyoshika chuma. Hadithi ni ya kubuni tupu, na imewekwa kwenye dunia bapa inayobebwa na tembo wanne waliosimama juu ya kobe. Lakini wazo alilopewa Wen ni zito.

Anatoka pangoni alfajiri, baada ya kufunuliwa, anamwamsha mwanafunzi wake Clodpool kwa kumgusa na kiatu, kisha anauliza kile kitu cha ajabu pale mbele ni nini. Clodpool anamwambia ni mti, na jana pia ulikuwapo. Wen anakataa: hakuna jana. Mwanafunzi, maskini, anamkumbusha chakula walichokula. Wen anakubali kwamba anakumbuka, ila kumbukumbu hiyo imo kichwani mwake sasa hivi. Itathibitishaje kitu ambacho hakipo tena? Kwake ulimwengu unaumbwa upya kila nukta. Kufumba na kufumbua, unachokiona hakikuwapo ulipofumba. Kwa hiyo akili haina budi kushangaa, na moyo hauna budi kufurahi. Watawa wake wakampa lakabu ya Mwenye Kushangaa Milele.

Wazo hili lina ukoo mrefu. Augustino, katika kitabu cha 11 cha Maungamo yake, aliona kwamba yaliyopita yanaishi katika nafsi inayokumbuka tu. Mwaka 1921 Bertrand Russell aliandika kwamba hakuna hoja ya kimantiki inayozuia dunia kuwa imezuka dakika tano zilizopita, ikiwa na watu wenye kumbukumbu kamili za mambo ambayo hayakutokea. Lakini ndugu wa karibu zaidi wa Wen ni wanateolojia wa Kiislamu wa madhehebu ya Ash'ari, ambayo ndiyo itikadi waliyorithi wanavyuoni wengi wa Kishafi wa pwani yetu. Wao walifundisha kwamba sifa za vitu hazidumu nukta mbili. Weupe wa kanzu haujiendeshi wenyewe. Mungu anauumba, unatoweka, anauumba tena. Al-Ghazali (1058–1111) alitoa mfano wa pamba na moto: tunaona pamba ikiguswa na moto inaungua, lakini hatuoni ulazima wowote unaoviunganisha viwili hivyo. Kinachotufanya tutegemee kuungua ni desturi ya Mungu, ambayo Yeye haivunji ila apendapo.

Hapo ndipo Wen na al-Ghazali wanapoachana. Katika dunia ya al-Ghazali kudumu kwa vitu ni neema. Unalala usiku ukijua kwamba asubuhi ukuta utakuwapo, si kwa nguvu za ukuta bali kwa ukarimu wa aliyeuweka. Wen hakuachiwa mdhamini wa namna hiyo. Pratchett ameiacha nafasi hiyo wazi, na katika nafasi hiyo amewaweka mafundi. Naamini huu ndio ugunduzi mkubwa wa kitabu: mahali pasipo na wa kuudumisha ulimwengu, kudumu kwake kunageuka kazi, na kazi inataka zamu.

Tazama watawa wenyewe. Katika monasteri yao milimani wana mitungi mikubwa inayozunguka, inayovuta wakati kutoka mahali usipohitajika, kama chini ya bahari ambako samaki hana haraka, na kuupeleka mijini ambako watu hawaupati wa kutosha. Siku moja mitungi inaharibika, mmoja unauchochea mwingine kuzunguka kupita kiasi, na karne nzima nusura zimwagike. Anayeokoa ni mwanafunzi mgeni, Lobsang, anayesawazisha mzigo mtungi kwa mtungi bila kuwa amefundishwa kazi ile. Wala aliye bora kuliko wote si abati. Ni Lu-Tze, mfagiaji, asiye na cheo hata kimoja. Kufagia ndiyo kazi inayolifaa fundisho la Wen kuliko zote. Anayefagia uwanja wenye mwarobaini anajua majani ya leo siyo ya jana, na kwamba ufagio wa jana haumsaidii chochote leo.

Kinyume chao yuko Jeremy, fundi saa, anayeagizwa atengeneze saa ya kioo isiyokosea hata chembe. Saa hiyo ikianza kwenda, wakati unanaswa na dunia inaganda. Yeye na watawa wote ni mafundi wa wakati, lakini yeye anataka upimwe mara moja kwa usahihi wote, nao wanajua kwamba kesho mitungi itahitaji mafuta tena.

Fundisho la Wen lakini linanitia wasiwasi. Kama jana haipo, deni la jana liko wapi? Aliyemnyang'anya mjane shamba atafurahi sana kusikia kwamba ulimwengu umezaliwa asubuhi hii. Wenye nguvu hawajawahi kukosa falsafa ya kuwafundisha walioonewa wasahau.

Jibu naliona katika jina ambalo watawa hao wanajulikana nalo: Watawa wa Historia. Wafuasi wa mtu aliyesema hakuna jana ndio waliopewa kuitunza jana. Kama yaliyopita yangejisimamia, hati za mashamba zingeweza kuachwa zioze na hakuna ambacho kingepotea. Kwa kuwa hayajisimamii, kuyafuta hakuhitaji hata uongo, inatosha kuyaacha. Ahadi iliyotolewa mwaka jana haipo popote leo, isipokuwa aliyeahidi au aliyeahidiwa aisimamishe tena.

Na mshangao wenyewe haumnufaishi mnyang'anyi kama anavyodhani. Kinachomlinda ni mazoea. Karani aliyezoea kumwona mjane yule nje ya mlango wa mahakama, mwaka hadi mwaka, hamwoni tena. Amekuwa sehemu ya ukuta. Mwenye kushangaa kama Wen angemkuta pale kila asubuhi kama mtu ambaye hajamwona kamwe, na angemuuliza amekuja kudai nini.