Nusu ambayo Dolly Parton alikataa kuitoa

Januari 1946, katika kibanda cha chumba kimoja kando ya mto Little Pigeon, huko milimani mashariki mwa jimbo la Tennessee, Marekani, daktari Robert F. Thomas alimzalisha Avie Lee Parton mtoto wake wa nne. Pesa za kumlipa daktari hazikuwapo. Baba wa mtoto, Robert Lee Parton, akamkabidhi gunia la unga wa mahindi, na deni likaishia hapo. Mtoto huyo ndiye Dolly Parton. Habari hii ameisimulia miaka na miaka, bila haya, na kila ninapoisikia naona ni kama habari ya kwetu. Nasi tunao wakubwa wengi ambao mkunga wao alilipwa kuku.

Hapa Kenya hatuhitaji kutambulishwa kwa muziki wa kantri. Jim Reeves, Kenny Rogers, Don Williams na Dolly wamelala na kuamka katika redio zetu tangu wazazi wetu wakiwa vijana, na Elvis Otieno, tunayemwita Sir Elvis, amejijengea jina kwa kuuimba muziki huo huo jijini Nairobi. Hata asiyejua kantri ni nini ameshausikia wimbo wa Whitney Houston wa “I Will Always Love You”, kwenye harusi, kwenye matanga, kwenye matatu ya jioni. Wengi hawajui kwamba uliandikwa na Dolly. Wachache zaidi wanajua kwamba miaka mingi kabla ya Whitney, wimbo huo nusura umtoke mikononi, na kwamba aliukomboa kwa neno moja dogo: hapana.

Nimekuwa nikilifikiria neno hilo kwa muda sasa. Watu wanapomsifu mwanamke huyu husifu ukarimu wake, nami nausifu pia. Lakini naamini ukarimu ule una mama yake, na mama yake ni ukaidi.

Alizaliwa katika nyumba ya watoto 12. Baba alilima mashamba ya watu na kugawana mavuno na wenyewe, baadaye akapata shamba lake dogo la tumbaku. Hakujua kusoma wala kuandika. Hata hivyo Dolly husema ndiye aliyekuwa na akili kuliko watu wote aliowajua, kwa kuwa alijua bei ya kitu na hakuna aliyeweza kumpunja katika biashara. Mjomba wake, Bill Owens, alimpa gitaa akiwa na umri wa miaka minane hivi. Akiwa na miaka 10 alikuwa akiimba katika vipindi vya redio na televisheni mjini Knoxville. Akiwa na miaka 13 alipanda jukwaa la Grand Ole Opry, hekalu la muziki wa kantri mjini Nashville, na aliyemkaribisha jukwaani ni Johnny Cash. Mwaka 1964 alimaliza sekondari. Katika mahafali aliwaambia watu kwamba anakwenda Nashville kuwa nyota, ukumbi mzima ukacheka. Kesho yake akapanda basi.

Umaarufu ulimjia kupitia kipindi cha televisheni cha Porter Wagoner, alichojiunga nacho mwaka 1967. Porter alikuwa mkubwa, tajiri, mwenye suti za kumetameta, na Dolly alikuwa binti wa kuimba pembeni yake. Ni ndani ya basi la Porter ndipo alipoandika “Coat of Many Colors”, wimbo kuhusu koti ambalo mama yake alimshonea kwa vipande vya matambara huku akimsimulia habari za Yusufu na vazi lake, na jinsi wenzake shuleni walivyomcheka alipolivaa. Karatasi hakuwa nayo, akauandika nyuma ya risiti ya dobi ya suti za Porter. Mimi risiti hiyo huifikiria sana. Upande mmoja hesabu ya kufua nguo za bwana mkubwa, upande wa pili umaskini wa nyumbani ukigeuka mali. Mwaka 2011 Maktaba ya Bunge la Marekani iliuingiza wimbo huo katika hazina ya rekodi za taifa.

Ilipofika 1974 Dolly alitaka kwenda zake, na Porter hakutaka kusikia. Walibishana sana. Mwishowe aliona maneno ya kawaida hayafiki, akaenda nyumbani akatunga wimbo wa kumuaga, akaja kumwimbia. Huo ndio “I Will Always Love You”. Tunaupiga harusini, kumbe ni wimbo wa mfanyakazi anayemuaga mwajiri. Porter alimwachia, ingawa baadaye alimshtaki akidai dola milioni 3, wakamalizana nje ya mahakama. Mwaka 2007, Porter alipotimiza miaka 50 katika Opry, Dolly alisimama mbele yake akamwimbia tena wimbo ule ule. Mwaka huo huo Porter alifariki, na Dolly alikuwa amekwenda kumwona kitandani. Kushikilia haki yako na kumpenda aliyekushtaki ni mambo yanayoweza kukaa katika kifua kimoja.

Sasa nifike kwenye hapana yenyewe. Wimbo ulishika namba moja katika chati za kantri, na Elvis Presley akataka kuurekodi. Kwa mtunzi wa wakati ule, hilo lilikuwa kama kufunguliwa mbingu. Dolly aliwaambia watu wake wote. Kisha, siku ya kurekodi ikiwa imekaribia, simu ikaja kutoka kwa meneja wa Elvis, Kanali Tom Parker. Alimweleza utaratibu wao: Elvis harekodi wimbo mpaka mtunzi akubali kutoa nusu ya haki za uchapishaji. Nusu ya kila senti ambayo wimbo ungeleta, maisha yake yote na baada yake.

Dolly alikataa. Alisema nyimbo zile ndizo atakazowaachia ndugu zake. Watu walimwambia amerukwa na akili. Alirudi nyumbani akalia usiku kucha, kwa maelezo yake mwenyewe, kwa sababu alitamani mno kuisikia sauti ya Elvis katika maneno yake. Hakuisikia. Elvis alifariki mwaka 1977 bila kuurekodi.

Katika habari yote hii, kilichonigusa zaidi ni kile kilio. Angekataa kwa kiburi, nisingeandika neno. Alikataa huku kitu alichokikataa akikitaka kwa moyo wote. Kanali Parker hakuwa amemwekea bastola kichwani, alimwekea ndoto yake mwenyewe, na hapo ndipo wasanii wengi hushindwa. Sisi tuliokua tukisikia mabishano ya nani hasa aliyetunga “Malaika”, wimbo ambao dunia nzima imeuimba, tunajua wimbo unaweza kusafiri mbali na kumwacha mwenyewe nyuma.

Kanisani kwetu yupo mzee mmoja, fundi wa nyimbo za kwaya. Wimbo wake mmoja unaimbwa harusini karibu kila Jumamosi ya Desemba. Miaka ile walipokwenda studio, mwenye studio aliwapa karatasi ya kutia sahihi, wakatia, kwa furaha ya kusikia sauti zao kwenye kaseti. Hawakuisoma. Karatasi ilisema wimbo ni wa studio. Mzee alipokuja kuulizia mapato yake, hakutukanwa wala hakufukuzwa. Aliulizwa kwa upole: “Mzee, si ulimwimbia Bwana? Sasa unamdai nani?” Akanyamaza. Nimeiona karatasi hiyo. Ameikunja mara nne na kuiweka ndani ya Biblia yake, na sahihi yake chini imeandikwa kwa mwandiko wa mtu aliyejitahidi uwe mzuri.

Swali lile la upole linaniudhi kuliko matusi. Kwetu msanii anayeulizia haki yake huitwa mchoyo, mwenye roho mbaya, aliyesahau alikotoka. Tunataka awe mkarimu, tena tunataka awe mkarimu kabla hajapata. Atoe bure kwenye harambee, aimbe bure kwenye msiba wa mkubwa, awape watu wa redio nyimbo bure kwa sababu “wanamtangaza”. Akizeeka tunachanga pesa za hospitali, tunamlilia kwenye magazeti kama haya, tunasema taifa limepoteza hazina. Hazina gani, nasi ndio tuliomnyang'anya ufunguo?

Dolly hakuwa mgumu wa kubadilika. Mwaka 1977 alirekodi “Here You Come Again”, wimbo uliotungwa na wengine na wenye ladha ya pop, na wenye kantri wao wakamlaumu kwamba amewakimbia. Alijibu kwamba haiachi kantri, anakwenda nayo. Akaingia katika filamu, na wimbo wa filamu ya mwaka 1980 kuhusu makarani wa kike wanaonyanyaswa kazini, “9 to 5”, aliutunga akisugua kucha zake za bandia zikitoa mlio kama wa taipureta. Mwaka 1983 akaimba na Kenny Rogers “Islands in the Stream”, uliotungwa na ndugu wa Bee Gees. Mapambo, mawigi, visigino virefu, yote aliyabeba akijua watu watacheka, na wakicheka yeye anahesabu. Kila kitu kilijadilika isipokuwa umiliki wa nyimbo zake.

Mwaka 1992 Whitney Houston aliuimba wimbo ule katika filamu ya The Bodyguard. Ulikaa namba moja Marekani kwa wiki 14. Kila nakala iliyouzwa ilimletea Dolly mirabaha yake, nzima, bila nusu ya Kanali. Sehemu ya pesa hizo, amesema mwenyewe, alinunulia jengo la ofisi katika mtaa wa watu weusi mjini Nashville, akiona ni heshima kwa Whitney.

Wahenga walisema mkono mtupu haulambwi, na wa Dolly haukuwa mtupu. Alirudi katika kaunti yake ya Sevier, na mwaka 1986 ikafunguliwa Dollywood, bustani ya burudani ambayo leo ndiyo mwajiri mkubwa kuliko wote katika eneo lile. Vijana wengi pale walikuwa wakiacha shule. Mfuko wake ukawaahidi wanafunzi wa darasa la saba na la nane dola 500 kila mmoja wakimaliza sekondari, lakini kwa sharti: walipangwa wawili wawili, na wote wawili wamalize. Katika madarasa yale, kwa hesabu za mfuko huo, walioacha shule walishuka kutoka asilimia 35 hadi 6. Moto ulipoteketeza milima ile mwaka 2016, familia zilizopoteza makazi zilipewa dola 1,000 kila mwezi kwa miezi sita, na mwezi wa mwisho zikawa 5,000. Mwaka 2020 alitoa dola milioni 1 kwa hospitali ya chuo kikuu cha Vanderbilt, na sehemu yake ilisaidia utafiti wa chanjo ya Moderna dhidi ya korona.

Kubwa zaidi kwangu ni vitabu. Mwaka 1995 alianzisha mpango wa kumpelekea kila mtoto wa kaunti ya Sevier kitabu kimoja kila mwezi, kwa posta, chenye jina la mtoto huyo juu ya bahasha, tangu kuzaliwa mpaka atimize miaka mitano. Bure, awe wa tajiri au wa maskini. Mpango ukaenea Marekani yote, ukavuka hadi Kanada, Uingereza, Australia na Ireland. Mwaka 2018 alikabidhi kitabu cha milioni 100 kwa Maktaba ya Bunge. Alisema aliuanzisha kwa ajili ya baba yake, yule aliyejua bei ya kila kitu na hakuweza kusoma herufi moja. Baba alifariki mwaka 2000, lakini aliwahi kuwasikia watoto wakimwita binti yake Mama wa Vitabu, na jina hilo lilimfurahisha kuliko umaarufu wake wote.

Mbele ya mahakama ya Sevierville ipo sanamu ya Dolly, amekaa na gitaa. Baba yake hakupenda kuonekana akijivuna. Usiku, watu wakishalala, alikuwa akipakia maji ya sabuni na ufagio katika gari lake, akaenda kumsugulia binti yake mavi ya njiwa. Mwaka 2021 wabunge wa Tennessee walitaka kumjengea sanamu nyingine kwenye viwanja vya bunge lao. Dolly aliwashukuru, akawaomba waachane na mpango huo kwa wakati ule.

Kwa hiyo nawaambia nyinyi vijana mnaotunga, wa bongo fleva, wa gengetone, wa injili, wa kwaya za parokia: kabla hujatia sahihi, isome karatasi. Kama lugha yake ngumu, mtafute anayeielewa, hata kama itakubidi kuchelewesha kurekodi. Andikisha wimbo kwa jina lako. Na nyinyi wazee wa kanisa, wenye studio na wenye redio, mlipeni mtunzi angali hai na ana nguvu za kutunga mwingine. Yule mzee wetu bado anafundisha kwaya kila Alhamisi. Hajachelewa kulipwa.