Karamu na Deni

Wapendwa wanandoa, tangu jumba la KICC lipokee mkutano wa Benki ya Dunia mwaka 1973, mikutano na sherehe zimekuwa biashara kubwa Nairobi. Leo bustani za Karen hukodishwa kwa harusi. Wenye mahema, wapishi na wapambaji hupata riziki humo. Ni kazi ya halali.

Lakini mnapoandaa harusi ya mtoto wenu, kumbukeni: Kanisa huhitaji ridhaa ya wawili, padre au shemasi, na mashahidi wawili. Hema halimo. Kule Kana, Yesu hakuilaumu karamu. Aliwaondolea wenyeji aibu ya kupungukiwa.

Basi mmoja asikope kwa kumficha mwenzake. Kabla ya malipo ya kwanza, ketini wawili, salini, mkubaliane kiasi. Wageni wataondoka jioni. Deni litalala kwenu.